Sinema Bubu na Siku Nne za Kasingirima

Mama yangu,

Shikamoo. Na nyingine tena, shikamoo, maana ile ya kwanza najua hukuiitikia. Bi Tatu, huyu mama wa dagaa anayetuvushia salamu na kuja soko la kambi, amenieleza ulivyoondoka Ujiji, na hata uso wako alinionyesha kwa uso wake. Hadija dada yangu, wewe ndiye unayesoma, basi soma polepole na usiruke kitu, hata pale ninapojiaibisha. Mama akisema inatosha, mpe maji anywe, kisha uendelee.

Hilo jicho la kulia linasemaje, mama? La kushoto tulishalikatia tamaa zamani, lakini la kulia ndilo ninaloliombea kila nikisujudu. Na goti je? Shemeji bado anavua hapo Rumonge, au injini imemfia tena? Mimi mwili unakwenda. Mahindi ya mgao tunakula, homa ilinishika mwezi uliopita ikaniachia. Roho ndiyo haijatulia tangu Bi Tatu aje.

Amesema ulikaa siku nne kwenye baraza ya mama mdogo Zuhura pale Kasingirima, Ujiji. Kila mwanamume aliyekatiza, ulimshika mama mdogo mkono ukamwuliza kama ni mimi, Rama wako. Wauza mawese, wavuvi, hata mwadhini wa watu, wote uliwaulizia. Siku ya tano ukateremka Kibirizi kupanda boti, ukaacha maneno haya: "Mwambieni nimevuka ziwa nimwone wakati bado naona. Kama hakutaka, angesema tu." Bi Tatu aliyatamka huku anatazama chini. Mimi nikamsaidia kufunga gunia lake.

Nilitaka, mama. Wallahi nilitaka kuliko chakula. Nilizuiwa, na ukiuliza nani alinizuia, nitakwambia ni mdomo wangu. Ulinionya tangu nikiwa mdogo kwamba mdomo uliponza kichwa, nami nikawa nakuonyesha kichwa changu kwamba bado kipo. Sasa kaa vizuri nikusimulie.

Kambi hii haina ukuta. Wageni wakija wanashangaa, wanasema mbona mko wazi hivi, vilima kule, miti huku, njia za mbuzi kila upande. Lakini toka bila kibali uone. Kibali ni nusu karatasi, ina jina lako, unakokwenda, siku ya kurudi, na mhuri wa mkuu wa kambi. Bila hiyo, mtu mzima mwenye ndevu zake hana ruhusa ya kwenda kijiji cha pili kununua chumvi. Kigoma ni nusu siku kwa gari, lakini kwangu ni mbali kama Makka. Tangu nishuke botini pale Kagunga na suruali iliyolowa ni miaka sita, na nimetoka humu mara mbili tu, zote mbili nikiwa nimelala kwenye gari la wagonjwa. Kuna asubuhi naamka naanza kutaja milango ya mtaa wetu wa Buyenzi mmoja mmoja, wa fundi cherehani, wa mwuza mkaa, wetu, ili nisije nikausahau hata mmoja.

Langoni anakaa mgambo mmoja, Muha wa vijiji vya hapa hapa, ambaye masharubu yake humtangulia kila anapokwenda. Tunamwita Masharubu. Ukimpa kibali anakipindua mara tatu, anakisogeza puani, halafu anauliza kwa nini mhuri haujakolea. Si mtu mbaya, mama, na nataka ulijue hilo kabla sijaendelea. Wakati mgao ulipochelewa alinipa mihogo ya shambani kwake bila kuombwa. Lakini tukiwa mbele ya lango lake wote tunamwogopa.

Sasa njoo kwenye sinema. Mwanzoni mwa mwaka huu shirika moja lilituletea mzee wa Kizungu, magoti mabovu kama yako, akiwa na mashine ya kuonyeshea picha na makopo ya mikanda ya zamani kabisa. Ni picha za wakati sinema yenyewe haijajua kusema. Hazina sauti hata ya mlango kufungwa. Watu wanatembea mbiombio kana kwamba wote wanawahi choo, wanateleza, wanapigana keki usoni, ngazi zinawaangukia, nyumba zinawaangukia, na hakuna anayekufa. Hilo la kutokufa ndilo lililowavuta watu wa hapa mwanzoni. Mtu anaangukiwa na ukuta mzima, anajifuta vumbi, anaokota kofia yake, anakwenda zake.

Mkuu wa kambi naye alizipenda kwa sababu yake. Zamani palikuwa na video hapa, za kusema, wakazuka watu wakadai picha fulani inasifu upande fulani, fimbo zikatembea. Video ikafungwa. Hizi akaziruhusu kwa sharti moja, akalisema mbele yetu sote, kwamba picha isiyo na maneno haina ugomvi, basi ibaki hivyo hivyo. Mzee wa magoti akauliza nani anajua mashine. Nikainua mkono kabla hajamaliza kuuliza.

Unaikumbuka ile video ya Buyenzi, nyuma ya soko? Ulikuwa unanichukua Jumapili tukaangalie picha za Kihindi. Jicho lako la kushoto limeshaanza ukungu, na Kihindi hukijui, wala mimi sikijui. Kila baada ya punde unanigusa goti unaniuliza, "Anafanya nini sasa?" Nikawa nakwambia. Nisipojua natunga. Watu wa benchi la nyuma wakaanza kunyamaza wanisikilize mimi, mpaka mwenye ukumbi akanipa kipaza sauti na kazi juu yake. Kazi hiyo ilitulisha mpaka vijana wa mtaa walipoanza kuchukuliwa majumbani, na wewe ukanisukuma nikimbilie ziwani. Kwa hiyo ukitafuta asili ya kosa langu, mama, linaanzia kwako. Nakutania tu, usinune.

Wiki tatu nilifunga mdomo kama nilivyoagizwa. Tulionyesha mchana, baada ya mgao, ndani ya ghala la chakula likiwa tupu. Madirisha tuliyaziba kwa mablanketi, na kwenye ukuta tukatundika shuka mbili zilizoshonwa pamoja. Bati la ghala lina vitundu, jua likipenya linamwaga nukta nyeupe juu ya picha, na watoto wakashikilia kwamba kule Ulaya mvua hainyeshi ila inakaa tu hewani. Warundi wanakaa huku, Wakongo kule, na mgambo wakimaliza zamu wanakuja na wake zao wanasimama mlangoni. Wote wanacheka mahali pamoja. Nami nimekaa nyuma ya mashine nauma ulimi.

Basi wiki ya nne akaja bibi mmoja, Bibi Kezia, Mkongo wa ng'ambo ya ziwa, upande wa Fizi. Macho yake yamekwisha kuliko yako. Alimwomba jirani amlete kwa sababu alichoka kusikia vicheko akiwa hemani peke yake. Wakamkalisha karibu na mashine, penye kigoda. Picha ikaanza, watu wakacheka, na katika giza lile nikasikia mkono unanigusa goti. "Sasa anafanya nini?"

Mama, ungekuwa wewe ungefanyaje? Mwili wangu ulijibu kabla yangu. Nikamwambia kwa sauti ndogo anabeba ngazi, bibi, na ngazi ni ndefu kuliko akili yake. Akacheka. Wa jirani wakasema ongeza sauti. Nikaongeza. Kufika mwisho wa picha ghala zima lilikuwa linanisikiliza mimi, Kiswahili kwa Wakongo, Kirundi kwa wa nyumbani, na nilijisikia mtu kwa mara ya kwanza tangu Kagunga. Nakiri hilo. Nilisahau niko wapi.

Picha waliyoipenda kuliko zote ni ya jamaa mmoja mwembamba, koti la kumbana na suruali iliyoishia juu ya vifundo. Nikamwita Bwana Suruali Fupi. Kuna nyumba kubwa, ndani kuna harusi, bibi harusi anachungulia dirishani, na yeye ndiye bwana harusi mwenyewe, amechelewa. Mlangoni amesimama polisi mnene mwenye masharubu. Bwana Suruali Fupi anatoa karatasi ya mwaliko, polisi anaipindua, anaitazama chini juu, anaitupa. Jamaa analeta ngazi apande dirishani, akigeuka ngazi inampiga polisi kisogoni, akigeuka kuomba radhi inampiga tena. Anajificha ndani ya kapu la nguo chafu, linabebwa, linamwagwa kwenye pipa la maji. Kila njia anayoijaribu inamrudisha palepale mlangoni. Mwisho anakaa kizingitini, ngazi mapajani, anashika tama. Hapo mkanda unakatika. Kipande cha pili kiko kwenye kopo lingine lililosahauliwa kwenye stoo ya shirika huko Katubuka, mjini Kigoma, kwa hiyo hakuna mtu katika kambi hii anayejua kama aliingia.

Sasa unaona jinsi mambo yalivyojipanga. Kopo liko Katubuka, mafuta ya jenereta ya mashine yanakaribia kwisha, na mwendesha mashine ni mimi. Mkuu wa kambi akaniandikia kibali cha kwenda Kigoma Alhamisi ya wiki iliyofuata, kurudi Jumapili. Cha kweli, chenye mhuri. Nililala nacho chini ya kichwa. Nikampa Bi Tatu ujumbe wako, kwamba mama aje Kasingirima, Alhamisi nitakuwa barazani kwa mama mdogo kabla ya adhuhuri. Wewe ukafunga safari.

Jumanne ya wiki ya safari tukaonyesha tena Bwana Suruali Fupi. Furaha ilikuwa imenijaa mpaka nikawa sijui niiweke wapi. Polisi wa kwenye picha alipoipindua karatasi, nikampa sauti. Nikampa sauti ya Masharubu yetu, ile nzito inayotokea puani, na lafudhi yake ya Kiha yote. Nikasema, "Mhuri uko wapi? Huu si mhuri, huu ni doa la chai."

Ghala lilitaka kung'oka. Watu walilia kwa kucheka, wakapiga ukuta, wakaniomba nirudie. Nikarudia mara tatu. Ngazi ilipompiga polisi kisogoni wakasimama wote. Ni Bibi Kezia tu aliyeniuliza kwa nini mlangoni kumekuwa kimya. Nikageuka. Masharubu alikuwa amesimama pale na mkewe na binti yake mdogo. Alimshika binti mkono akatoka naye, na mwanga wa mlango ukafuta picha yote kwa muda.

Tunaambiwa tusichezee sharubu za simba, na mimi nilizivuta mbele ya mke wake. Ningemfuata usiku uleule kuomba radhi, pengine ningekuwa nimeshakuona. Nikajiambia atasahau, na kesho yake nikanyoa ndevu na kufua shati.

Alhamisi asubuhi nilifika langoni wa kwanza. Lori la kwenda Kigoma linaunguruma, dereva ananiita. Nikampa kibali kwa mikono miwili na shikamoo ya adabu. Akakipindua. Akakipindua tena. Akakisogeza puani. Halafu akanitazama machoni, hakutabasamu, akasema kwa sauti yake mwenyewe, "Huu si mhuri. Huu ni doa la chai."

Nilicheka kidogo, nikidhani ananitania ili tumalize. Akakikunja akakitia mfukoni. Lori likaondoka. Nikakimbilia ofisini, nikaambiwa mkuu wa kambi ameitwa mkutanoni hadi wiki ijayo, na hakuna mwingine wa kugusa mhuri. Wakati huo wewe ulikuwa umeshakaa barazani, mama. Nilipiga hesabu za boti nikajua.

Ijumaa nilikaa mbele ya lango kutwa. Jumamosi akili ikaniruka. Lori lingine lililoleta unga lilikuwa linarudi tupu, magunia matupu yamerundikwa nyuma. Nikaingia chini ya magunia nikajikunja. Hadija, hapa ndipo nilipokuambia usiruke. Magunia yale hayakuwa matupu kabisa, kila moja lilibaki na unga wake pembeni, na lori lilipogonga shimo hapo hapo langoni, unga wote ukanishukia puani. Nikapiga chafya. Nikapiga ya pili. Mgambo wawili wakanivuta miguu, nikaanguka na gunia kichwani, nikasimama kukimbia nikalikanyaga, nikaanguka tena. Mweupe mzima, kope mpaka viatu. Siku hiyo ilikuwa ya soko na watu walijaa. Walicheka, mama. Walicheka kama wanavyocheka ghalani, na mmoja akapaza sauti ya Masharubu akauliza mhuri wangu uko wapi. Siwalaumu, hata mimi ningecheka. Lakini nilipokuwa nafutwa unga na kusukumwa kwenye chumba cha mgambo, nililia kwa kwikwi, na machozi na unga vikawa uji usoni.

Walinifungia mpaka Jumatatu. Jumatatu ndiyo ulipopanda boti.

Nilipotoka nilikwenda moja kwa moja kwa Masharubu kumwomba radhi. Alikuwa anakula mhogo wa kuchoma, akanisogezea kigogo nikae. Nikamwambia nimekukosea mzee wangu, na mama yangu alikuwa ananingoja Ujiji, jicho lake moja linazimika. Akasema hakuyajua ya mama, na angeyajua pengine asingefanya vile, pengine angefanya. Kisha akasema, "Jumatano jioni nilimwomba binti yangu maji ya kunywa. Akaniuliza mhuri wangu uko wapi. Mke wangu akacheka, na mimi nikacheka nao. Sikuyanywa yale maji."

Nikaushika mkono wake na yeye akauacha ushikwe. Tangu siku hiyo hatuna ugomvi. Lakini maji yakimwagika hayazoleki. Mkuu wa kambi aliporudi alikuta habari mbili mezani, moja kwamba nimetia maneno kwenye picha zisizo na maneno, nyingine ya unga. Mashine amempa kijana mwingine, asiyesema kitu. Mimi sina kibali mpaka atakapoona nimetulia, na sijui mtu akitulia anaonekanaje. Kopo la pili bado liko Katubuka.

Naruhusiwa kuingia ghalani kama mtazamaji. Nakaa karibu na Bibi Kezia. Akinigusa goti naushika mkono wake tu, kwa sababu mgambo amesimama nyuma yetu na hata mnong'ono nimekatazwa. Amezoea sasa. Watu wakicheka naye anacheka, lakini anachelewa kidogo.

Mama mdogo Zuhura amenitumia kwa Bi Tatu kifurushi ulichoniachia. Wale samaki wakavu, migebuka, tumewala na wenzangu wa hemani, na mafuta ya mawese nimeyabana ili yadumu. Shati nalo nimelivaa. Najua ulilishona kwa vidole, maana kifungo cha juu kimekaa nje ya tundu lake, na mikono inaishia hapa juu ya vifundo vya mikono yangu kwa sababu umenipima kwa mkono wa miaka sita iliyopita. Nikitembea nalo watoto wananiita Bwana Suruali Fupi. Usilirekebishe wala usinitumie jingine. Nalivaa hivyo hivyo.

Ninakuomba mambo mawili. La kwanza, uamini kwamba sikukataa kuonwa. Mwambie Hadija aandike neno moja tu la kuniambia umeamini, nami nitalala. La pili, shemeji akupeleke kwa daktari wa macho kabla ya mvua, msingoje mimi nitoke. Nikisema mningoje, nitakuwa nakudanganya.

Msalimie shemeji mvuvi na injini yake. Wasalimie wajomba zangu wawili wasiopatana, kila mmoja kwa wakati wake wasije wakagombania nani kasalimiwa kwanza. Watoto wa Hadija uwabusu, na yule mdogo niliyemwacha tumboni mwambie mjomba wake anajua kuanguka vizuri kuliko mtu yeyote wa ufuko huu wa Ziwa Tanganyika. Mama mdogo Zuhura nitamwandikia mwenyewe kumshukuru kwa baraza yake.

Najua barua ikifika hapa, mama, utamgusa Hadija goti umwulize lile swali lako. Hadija, usitunge, usimpambie kama nilivyokuwa nikimpambia mimi. Mwambie amekaa langoni, shati limembana, karatasi hana. Akiuliza tena baada ya punde, mjibu vilevile. Amekaa, mama. Bado amekaa.

Ni mimi mwanao uliyemfundisha kusema,
Ramadhani